Kutoka Ushahidi wa Wazee Hata Setifika: Mashauri ya Ardhi Katika Katanga

Ukipita asubuhi penye tribinali ya mji wetu wa Lubumbashi, utaona watu wamekaa wakishika karatasi zilizofungwa katika mifuko. Wengi wanashindania lupango. Babu zetu hawakushika karatasi. Basi karatasi hizi zilitoka wapi?

Kabla ya kuja kwa Wazungu, nchi hii ilikuwa ya Walamba na jirani zao. Mgeni alikwenda kwa sultani, naye akaonyeshwa mahali pa kulima. Wawili wakigombana, wazee walitembea mpakani na kukumbuka nani aliyefyeka kwanza. Ushahidi ulikuwa vinywani mwa watu.

Tarehe 1 Julai 1885 Serikali ya mfalme Leopold wa Pili ikatoa amri: ardhi isiyo na mwenyewe ni mali ya Serikali. Neno hili lilikuwa na mtego ndani yake. Maana shamba lililopumzishwa, pori la kuwinda, mahali pa kuokota uyoga, machoni pa mgeni vyote havina mwenyewe! Mwaka 1900 likaundwa shirika la Comité Spécial du Katanga, likapewa kazi ya kugawa ardhi na madini. Hata Elisabethville ilipoanzishwa mwaka 1910, viwanja vilipimwa na kuandikwa kitabuni, kwa namna aliyoianzisha Robert Torrens kule Australia mwaka 1858. Kwa namna hii hati ndiyo inayosema, si jirani. Mtu mweusi wa siti alipewa ruhusa ya kukaa tu. Amri ya 10 Februari 1953 ndiyo iliyomfungulia njia ya kumiliki kiwanja chake mwenyewe.

Tribinali nazo zilikuwa za namna mbili. Amri ya 15 Aprili 1926 ilitengeneza zile za wenyeji, ambamo waamuzi walikata maneno kwa desturi. Mambo ya hati yalikwenda kwa majaji Wazungu, kwa Kifaransa.

Uhuru haukurudisha mambo ya kale. Sheria ya 20 Julai 1973 ilisema ardhi yote ni ya Serikali, na mtu hupata haki ya kuitumia tu, inayoshuhudiwa na setifika. Tena iliandika kwamba miaka miwili ikipita, haki iliyomo katika setifika haivunjwi. Aliyeonewa atadai fidia tu. Ardhi ya vijiji iliachiwa amri ya Rais itakayokuja. Miaka mingi ikapita, nayo haikuja.

Kwa wapangaji njia ni nyepesi kidogo. Sheria ya 31 Desemba 2015 inakataza garanti ya nyumba ya kukaa isipite kodi ya miezi mitatu, na yawapasa wapatane kwanza mbele ya ofisi ya makao kabla ya kushtakiana. (Wenye nyumba wangapi wanaifuata? Wapangaji wanajua.)

Nalimsindikiza mjane mmoja tribinalini. Alikuwa na barua ya sultani, na miembe aliyoipanda mumewe. Mshindani wake alikuwa na setifika ya miaka mitatu. Jaji alimsikiliza kwa upole, kisha akauliza: “Mama, kwa nini hukuja mapema?” Akajibu: “Bwana, sikujua kuna karatasi. Hakuna aliyekuja kupima, nami nilikuwa ndani kila siku.” Karani akaandika jibu lile, akamwita mwingine.