Picha za Mafia na Majina ya Wenyewe

Msikilizaji, ukitafuta picha za kale za Mafia utaonyeshwa magofu ya Kua, na labda ndege za Waingereza za mwaka 1915, zilizoletwa kuisaka manowari ya Kijerumani, Königsberg, iliyojificha katika delta ya Rufiji. Watalii wa siku hizi huondoka na picha za papa potwe. Mama anayesuka ukili barazani, au baba anayefua nazi za shamba la mwingine ili jioni pawe na mchele, ni nani aliyeona haja ya kumpiga picha?

Mmoja aliyeona haja hiyo ni Mwingereza Pat Caplan. Alikuja Mafia mwaka 1965, akiwa mwanafunzi wa anthropolojia wa Chuo Kikuu cha London, akakaa katika kijiji cha kaskazini mwa kisiwa hadi 1967. Kazi yake ilikuwa utafiti. Kamera ilikuwa chombo tu, sawa na daftari. Mwaka 1976 alirudi pamoja na watengenezaji filamu wa BBC, na filamu hiyo ikaingizwa katika mfululizo ulioitwa Face Values, ulioonyeshwa Uingereza mwaka 1978. Akarudi tena 1985, tena 1994, na tena baada ya 2000.

Kurudi huko ndiko ninakokuthamini mimi. Sisi wa vyombo vya habari huja asubuhi, tukapiga picha zetu, tukaondoka na ndege ya jioni. Yeye alijua Kiswahili, alijua nani shangazi wa nani na shamba lipi lina ugomvi. Mtoto wa 1965 alimkuta mama wa watoto, kisha bibi.

Hata hivyo, liko suala la majina. Picha ya familia maskini inayojulikana kuliko zote duniani ilipigwa na Dorothea Lange huko California mwaka 1936: mama kibarua wa mashambani, uso umejaa mashaka, watoto wamemwegemea. Dunia nzima ikaujua uso ule, jina hakuna. Ilikuwa 1978 ndipo mwandishi wa gazeti alipompata mwenyewe, Florence Owens Thompson. Hakuwa amelipwa hata senti moja, na aliilalamikia picha ile.

Caplan naye aliyaficha majina, ila kwa sababu nyingine. Katika kitabu chake cha mwaka 1997, African Voices, African Lives, kijiji kinaitwa Minazini, na wanaosimulia ndoa zao, talaka na habari za masheitani wamepewa majina ya kubuni. Sisi watu wa pwani twaelewa: hiyo ni sitara. Nani angependa talaka yake isomwe na mtaa mzima? Lakini sitara nayo ina gharama. Mjukuu akikishika kitabu hicho hatalikuta jina la babu yake, na kwa kuwa kimeandikwa kwa Kiingereza, huenda hata maneno ya babu yasimfikie.

Mwaka 2014 kampuni ya Mkuki na Nyota ya Dar es Salaam ilitoa kitabu kingine cha Caplan, safari hii kwa Kiswahili. Kinaeleza maisha ya mwanaharakati mmoja wa kisiwa hiki pamoja na familia yake, na jina lake halisi limewekwa juu ya jalada: Mikidadi wa Mafia.