Ndugu wawili kutoka Tanga, na jina lililogawanyika



Kikundi chetu cha muziki hapa kambini kilikuwa na watu tisa. Wanne wamepata safari, tumebaki watano. Sasa kuna ugomvi: jina la kikundi ni la nani? Walioenda wanataka kulitumia huko waliko, na sisi huku bado tunapiga kwa jina hilo hilo kila Jumamosi. Mmoja akasema, "Jina ni la aliyelianzisha." Mwingine akajibu, "Hapana, jina ni la anayefanya kazi." Tumebishana mpaka giza likaingia.

Wakati wanabishana, mimi nilikuwa nawaza Simba Wanyika. Wengi wetu tunaijua kwa masikio tu. Ni zile nyimbo wazee wanaweka kwenye simu jioni, wanatikisa kichwa, halafu wanakwambia siku hizi hakuna muziki. Lakini historia yake wachache wanaijua, na inatuhusu sana. Ni habari ya ndugu wawili wa damu waliovuka mpaka na magitaa, wakajenga jina katika nchi ya watu, na baadaye wakaona jina lile linapasuka mikononi mwao. Hawakuwa wakimbizi, tusichanganye. Lakini walikuwa wageni, na mgeni tunamjua.

Wilson Peter Kinyonga na ndugu yake George Peter Kinyonga walianzia muziki Tanga, mji wa bandari kaskazini mwa pwani ya Tanzania, karibu na mpaka wa Kenya. Walipiga na Jamhuri Jazz Band. Usidanganyike na neno "jazz": bendi za wakati ule zilijiita hivyo, lakini muziki wenyewe ulikuwa rumba, wa kucheza dansi. Tanga ilikuwa moto kwa muziki. Kulikuwa na Jamhuri, kulikuwa na Atomic Jazz, na ushindani haukuwa mdogo.

Mwaka 1970 wakahamia Arusha. Huko, pamoja na ndugu yao mwingine, William, wakaunda Arusha Jazz. Mwaka uliofuata, 1971, wakavuka kuingia Kenya na kuanzisha Simba Wanyika, yaani simba wa nyika, simba wa mbugani.

Kwa nini Kenya? Sababu ya kwanza ni kazi. Tanzania ilikuwa na bendi nyingi nzuri, na Radio Tanzania ilizirekodi na kuzicheza hewani. Lakini kiwanda cha kutengeneza santuri hakikuwepo. Santuri za kuuza dukani zilitoka Nairobi, ambako kulikuwa na studio, kiwanda, makampuni na kumbi za dansi. Mwanamuziki aliyetaka wimbo wake ushikike mkononi, siyo usikike tu kwenye redio, alitazama Nairobi. Sababu ya pili, njia ilikuwa wazi. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa bado hai.

Na hawakuwa peke yao. Nairobi ya miaka ile ilijaa wanamuziki waliotoka mbali. Baba Gaston alitoka Kongo, ambayo wakati huo iliitwa Zaire. Samba Mapangala naye alitoka huko huko, akapitia Uganda, akafika Nairobi 1977, na baadaye bendi yake ikaitwa Virunga. Ndiyo, kama ile milima ya kwetu Kivu. Wale wa Zaire walikuja na Lingala. Wana wa Kinyonga walikuja na Kiswahili cha Tanga, laini, cha kueleweka, na kilieleweka kokote Kiswahili kinakosemwa. Hiyo ndiyo mali waliyovuka nayo mpaka bila kukaguliwa na mtu.

Ndugu wote wawili walipiga gitaa na kuimba. Muziki wao haukuwa na haraka. Magitaa yalipishana taratibu, hili linauliza, lile linajibu, na besi inatembea chini yake. Santuri ndogo za wakati ule zilikuwa na pande mbili, kwa hiyo wimbo ulikatwa vipande viwili: upande wa kwanza maneno, kisha unageuza, upande wa pili unachangamka na magitaa yanachukua nafasi. Wimbo kama "Mwongele" uliwapa jina kubwa.

Halafu likaja jambo ambalo hawakulipanga. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika, na Tanzania ikafunga mpaka wake na Kenya. Mpaka huo haukufunguliwa tena mpaka mwisho wa 1983. Fikiria kidogo. Watu walioondoka nyumbani wakati njia iko wazi, ghafla kwao ni upande wa pili wa mpaka uliofungwa. Sisi hatuhitaji kuelezwa hilo linafananaje.

Na katikati ya miaka hiyo, 1978, bendi ikapasuka. Aliyeondoka hakuwa mtu mmoja. Omar Shabani, aliyeitwa "Professor", ndiye alikuwa gitaa la rizimu. Tom Malanga alipiga besi. Rashid Juma alipiga dramu. Hao watatu ndio mgongo wa bendi, na wote waliondoka. Wakaungana na John Ngereza, Mtanzania mwingine aliyekuwa Kenya, wakaanzisha Les Wanyika. Tena walibeba nusu ya jina! Na punde tu wakatoa "Sina Makosa", wimbo ambao mpaka leo ukipigwa harusini watu wanaacha sahani za pilau na kusimama.

Haikuishia hapo. Issa Juma, aliyeimba na Les Wanyika mwanzoni, naye alitoka akaunda Super Wanyika. Sasa mjini kuna Wanyika huyu, Wanyika yule, na jina lililoanza na ndugu wa nyumba moja limekuwa kama la ukoo.

Wilson na George wangefanya nini? Wangeweza kukaa chini na kusema tumeibiwa. Walichofanya ni kutafuta wapigaji wengine na kuendelea. Simba Wanyika ilidumu miaka yote ya themanini, ikatoa "Shilingi" na nyingine nyingi. George pia alirekodi kwa jina la Jobiso. Na haya yote yalitokea katika nchi ambayo mwanamuziki mgeni alihitaji kibali cha kazi, na bendi nyingi za wageni zilisumbuliwa sana na habari ya vibali. Baadaye walifika hadi Ulaya, na albamu "Pepea" ikatoka mwaka 1992.

Mwaka huo huo George akafariki. Wilson alibaki peke yake mpaka 1995, naye akaaga dunia. Na hapo Simba Wanyika ikaisha.

Hapo ndipo mimi nasimama. Mwaka 1978 walipoteza rizimu, besi na dramu kwa mpigo mmoja, na bendi haikufa. Ilipokosa wale ndugu wawili, ilikufa. Kwa hiyo yule aliyesema jina ni la aliyelianzisha ana ukweli wake. Lakini tazama upande wa pili pia: walioondoka hawakuiba kitu. Omar Shabani alipotoka, alitoka na vidole vyake mwenyewe. Ule mpigo alikuwa ameujenga yeye pamoja na wenzake kwa miaka, na hakuna mtu angeweza kumwambia auache mlangoni. Leo watu wazima wanacheza nyimbo za bendi zote hizo usiku mmoja, na hawaulizi nani alimkosea nani.

Kwa hiyo kwa kikundi chetu maoni yangu ni haya. Wenzetu walioko huko waongeze neno moja mbele ya jina au nyuma yake, kama Les Wanyika walivyofanya, na sisi tubaki na letu. Nyimbo tulizotunga pamoja zibaki za wote, wao wapige, sisi tupige, na kila mtunzi atajwe. Tuyaandike haya kwenye karatasi sasa hivi, wakati bado tunapigiana simu.

Na kabla ya kikao cha Jumamosi, mwenye simu yenye chaji afanye hivi: aweke wimbo wowote wa Simba Wanyika wa kabla ya 1978, halafu "Sina Makosa". Asisikilize waimbaji. Asikilize lile gitaa la katikati, linalorudia rudia bila kuchoka. Halafu aje atuambie kama amesikia bendi mbili au moja.