Kuku Mzima kwa Kila Sahani

Nyumbani nilikokulia, kuku mmoja wa sikukuu aliliwa na watu kumi na mmoja, na kila kipande chake kilikuwa na mwenyewe. Firigisi ilikuwa ya baba. Akija mgeni wa heshima, firigisi ilihamia sahani ya mgeni, na baba hakusema neno. Kidari alipewa bibi kwa sababu ya meno yake, mapaja yalifuata umri, na sisi wadogo tuligawana mabawa, shingo na miguu. Hakuna aliyetufundisha sheria hizo. Tulizikuta mezani, na hata leo nikimpakulia mtu kuku mkono wangu unazikumbuka.

Ndiyo maana nilishangaa mno nilipofungua kwa mara ya kwanza kitabu cha mapishi cha Wamarekani na kukuta picha ya meza ya Krismasi. Kila sahani ilikuwa na kuku wake mzima. Ni kuku mdogo, wa kuenea katika viganja viwili, ngozi imeiva rangi ya asali, miguu imefungwa kwa uzi, na tumboni amejazwa nafaka nyeusi nyembamba kama sindano. Sikuona kisu cha kugawia wala mkubwa wa kugawa. Nilitaka kujua ni nani aliyewaza kwamba kila mlaji, hata mtoto wa mwisho, apewe ndege mzima.

Kwa karne nyingi jambo hilo lilikuwa la wakubwa. Ndege mdogo ana kazi nyingi na nyama haba: umnyonyoe, umtoe matumbo, umjaze, umshone, halafu mlaji ammalize kwa dakika kumi. Kware na kwale walipamba meza za watawala wa Ulaya waliokuwa na misitu, mbwa na wawindaji wao. Wamisri walipata njia ya kumfikisha ndege wa namna hiyo kwa watu wa kawaida. Hufuga njiwa katika minara mirefu ya udongo, wakawachinja wangali makinda, wakawajaza wali au farik, yaani ngano iliyovunwa ikiwa bado ya kijani kisha ikababuliwa kwa moto. Njiwa hao huliwa mzimamzima hadi leo, na kwenye karamu za harusi hawakosi. Lakini njiwa hukuzwa na wazazi wake wawili kwa chakula cha kooni mwao, kinda mmoja au wawili kwa wakati. Huwezi kujaza ghala la duka kwa mwendo huo.

Kuku wa kwenye ile picha alitokea mahali pengine kabisa: shamba moja la Pomfret, katika jimbo la Connecticut, kaskazini mashariki mwa Marekani. Wenye shamba, Jacques Makowsky na mkewe Therese, walikuwa wahamiaji waliotoka Ufaransa wakati Ulaya inateketea kwa Vita Kuu ya Pili. Shamba lao waliliita Idle Wild, na ndege wa kwanza waliomfuga kwa biashara alikuwa kanga.

Kanga huyu huyu wetu. Manyoya meusi yenye vitone vyeupe, ambayo wazee wa pwani husema ndiyo yaliyoipa jina nguo ya kanga. Asili yake ni Afrika. Warumi walimjua, wakamla na kumwita kuku wa Numidia, nchi iliyokuwa kaskazini mwa bara letu. Alipowafikia Waingereza kupitia njia za wafanyabiashara wa Uturuki, wakampa jina la nchi hiyo, na baadaye wakalihamisha jina lilelile kwa bata mzinga wa Amerika. Kwa hiyo hata ndege mkubwa wa sikukuu za Wamarekani anatembea na jina la kuazima, na aliyeazimwa ni kanga.

Mwaka 1949 moto uliunguza shamba la akina Makowsky. Walipoanza upya, walianza na swali la mfugaji anayejua jikoni kunatakiwa nini: je, anaweza kupatikana ndege mdogo kama wa porini, mwenye kidari kinene, anayekua upesi, na ambaye nyama yake ni nyeupe na laini? Wakaanza kuchanganya mbegu. Jogoo wa Cornish walimpandisha kwa kuku wa Plymouth Rock, na katika majaribio yao waliingiza pia damu ya jogoo wa kupigana wa Malaya. Aliyepatikana aliitwa Rock Cornish. Therese Makowsky alifariki mwaka 2005, na magazeti ya Marekani yalimuaga kama mama wa kuku huyo.

Hapa inafaa turudi nyuma, maana kidari kile hakikuumbwa Connecticut. Cornish maana yake ni wa Cornwall, ncha ya kusini magharibi ya Uingereza, nchi ya wavuvi na wachimba bati. Mwanzoni mwa karne ya 19 wenyeji wa huko walipenda sana kupiganisha majogoo, na anayetajwa zaidi katika habari za mbegu hii ni Jenerali Walter Raleigh Gilbert, mzaliwa wa Bodmin aliyetumikia jeshi la Bengal. Yeye na wenzake walitaka jogoo asiyeshindika. Walichukua majogoo wa India walioitwa Asil, jina ambalo ni ndugu wa neno letu “asili” kwa kuwa yote mawili yametoka katika Kiarabu, wakawachanganya na wa Malaya na majogoo wa Kiingereza.

Walikosa walichokitaka. Kuku aliyepatikana alikuwa na miguu mifupi iliyoachana na kifua kipana kama cha mbebaji wa bandarini, mzito mno kuruka na kupiga kwa kucha. Mwaka 1835 sheria ikapiga marufuku mchezo wenyewe, na mtu angedhani mbegu hiyo ingekufa. Lakini wapishi walikuwa wameshakiona kifua. Nyama ambayo kuku wengine huiweka mapajani, huyu aliiweka mbele, mahali kisu kinapofika kwanza. Jogoo aliyetengenezwa kwa ajili ya vita akawa mali ya jikoni.

Wamarekani nao walikuwa wanakitafuta kifua hicho hicho. Mwaka 1948, moto wa Pomfret haujatokea, yalifanyika mashindano ya kitaifa ya kumpata “kuku wa kesho”, yakidhaminiwa na A&P, kampuni kubwa ya maduka ya vyakula. Ushindi ulikwenda kwa mfugaji wa California, Charles Vantress, na kuku wake alikuwa amechanganywa damu ya Cornish. Baadaye Cornish na Plymouth Rock mweupe ndio waliokuwa msingi wa kuku wa nyama karibu dunia nzima. Kifaranga wa siku moja anayesafirishwa leo ndani ya boksi lenye matundu kwenda kwa mfugaji wa Kibaha au Kiambu, yule tunayemwita kuku wa kisasa, ni wa ukoo huo.

Ndege wa Pomfret alihitaji mtu wa kumtangaza, na alimpata jukwaani. Victor Borge, mpiga piano na mchekeshaji maarufu wa Denmark, alikimbilia Marekani mwaka 1940 kwa kuwa alikuwa Myahudi na aliwahi kumdhihaki Hitler hadharani. Katika miaka ya 1950 alinunua shamba huko Southbury, Connecticut hiyo hiyo, akafuga Rock Cornish na kuwanadi kwa jina lake mwenyewe. Nawaza juu ya watu hawa waliofika ng’ambo wakiwa wamepoteza nchi zao. Miaka michache baadaye, chakula cha heshima cha sikukuu za wenyeji wao kilitoka katika mabanda yao.

Na nafaka ile nyeusi? Wamarekani huiita mchele wa mwitu, lakini si mpunga. Ni mbegu ya nyasi ziotazo zenyewe katika maziwa ya Minnesota na nchi jirani, na Waojibwe, ambao ni wenyeji wa huko, huiita manoomin. Huvunwa na watu wawili ndani ya mtumbwi: mmoja anasukuma kwa upondo, mwingine anainamisha mashuke kwa kijiti kimoja na kuyapigapiga kwa kingine, taratibu, mbegu zilizoiva zidondoke mtumbwini na nyingine ziangukie majini ziote mwakani. Ina harufu ya moshi na ladha ya njugu. Kwa kuwa ilikuwa ghali, wapishi waliichanganya na wali wa kawaida, vitunguu, uyoga na siagi, na kwa kuwa kuku alikuwa mdogo, kikombe kimoja kidogo kilitosha kumjaza. Ndoa hiyo ya kuku wa mabandani na mbegu ya ziwani ndiyo iliyotawala karamu za Wamarekani miaka ya 1950 na 1960.

Mwaka 1965 kampuni ya Tyson, ya Arkansas, iliingia katika biashara hiyo. Iliuza kuku hawa kwa idadi, si kwa ratili kama kuku wengine. Mama wa nyumbani alihesabu wageni wake, akanunua kuku idadi hiyo hiyo. Wageni sita, kuku sita.

Kilichofuata kinanisikitisha kidogo. Viwanda viligundua kwamba kuku wa kisasa yeyote akichinjwa mapema atafanana na Rock Cornish, na sheria ya Marekani ikafuata. Siku hizi inatambua kwa jina hilo kuku wa jinsia yoyote aliye chini ya majuma matano, ambaye akishasafishwa hazidi ratili mbili, yaani kama gramu 900. Na kwa kuwa jina lake kamili la dukani ni Rock Cornish game hen, jogoo naye huuzwa kwa jina la tembe, hen. Na Kiingereza hutumia neno moja, game, kwa jogoo wa kupigana na kwa mnyama wa kuwindwa, kwa hiyo wengi hununua wakidhani wanapata ladha ya porini. Ndege huyo hajawahi kuliona pori. Kazi ya akina Makowsky, miaka yote ile ya kupandisha na kuchagua, imebaki kuwa tarehe ya kuchinja.

Lakini kwetu sisi habari hiyo ina faida. Kama tofauti ni siku tu, basi kuku huyu yupo tayari kwa mfugaji wa jirani. Mwaka juzi niliomba niuziwe wanane kabla hawajatimiza wiki tano. Muuzaji alinihurumia, akaniambia nisubiri wanenepe. Sikusubiri. Niliwapaka chumvi, kitunguu saumu na ndimu tangu usiku, nikawajaza asubuhi, dakika chache kabla ya kuwaoka, kwa sababu mjazo uliolala ndani ya kuku mbichi huharibika. Niliujaza kwa kulegeza, maana wali huvimba. Oveni nyuzi 180, saa moja na robo hivi, nikiwamwagia mchuzi wao kila mara kwa kuwa kidari cha ndege mdogo hukauka haraka. Ukiwa na kipimajoto, kichome hadi katikati ya mjazo, siyo kwenye nyama tu: usiwatoe mpaka kisome nyuzi 74.

Manoomin sikuwa nayo. Nilitumia wali wa Mbeya, zabibu kavu, korosho, binzari nyembamba na vitunguu vilivyokaangwa mpaka vikawa vyekundu. Zilibaki firigisi nane kwenye kibakuli, na mama yangu alikuwa amekaa jikoni akiniangalia nitazipeleka wapi. Nilizichemsha, nikazikatakata ndogondogo kama punje, nikazichanganya kwenye wali kabla ya kujaza. Mezani kila mtu alikuwa na kuku wake, watoto nao. Mama alitoboa wake, akachota mjazo kwa kijiko, akatafuna polepole, kisha akaangalia sahani ya baba, akaangalia ya mjukuu wake wa miaka sita, na akaendelea kula.