Kimeta cha Sverdlovsk

Sisi tukaao na mifugo twakijua kimeta. Ng'ombe huanguka ghafula, akatokwa na damu nyeusi isiyoganda, naye alaye nyama ya mzoga huo hujitafutia mauti. Basi Serikali ya Urusi ya Kisovieti iliponena ya kwamba watu wa mji wa Sverdlovsk walikufa mwaka 1979 kwa kula nyama mbovu, wengi walisadiki.

Lakini madaktari Faina Abramova na Lev Grinberg, walioipasua maiti baada ya maiti, waliona ugonjwa umeshika kifuani, kama wa mtu aliyeuvuta kwa pumzi. Wakavificha vipande walivyovitwaa katika miili ile.

Hata mwaka 1992 Rais Boris Yeltsin akakiri ya kuwa jeshi ndilo lililoleta msiba. Mwaka uo huo Matthew Meselson wa Marekani na wenzake walikwenda kuuliza nyumba kwa nyumba, wakaandika katika ramani mahali alipokuwapo kila mgonjwa mchana wa Jumatatu, 2 Aprili 1979. Karibu wote walikuwa katika ukanda mmoja mwembamba, kutoka kambi ya jeshi hata mwisho wa mji upande wa kusini. Mbele ya hapo, kondoo na ng'ombe walikufa vijijini katika mstari ule ule, mwendo wa kilometa 50. Na upepo wa siku ile ulivuma huko huko. Je, nyama hufuata upepo?

Waliokufa si chini ya watu 66. Nao wachinjaji wa nyama walibebeshwa lawama miaka 13.