Sanderlandi ya Mjomba

Mjomba wangu, mzaliwa wa Tabora, hajawahi kuiita Simba kwa jina hilo. Husema Sanderlandi. Utotoni nilidhani ni neno la Kinyamwezi.

Chuoni ndipo nilipojua kwamba Sunderland ni mji wa Uingereza. Msimu wa 1935/36 klabu ya huko ilitwaa ubingwa wa ligi, na Bobby Gurney, mzaliwa wa Silksworth, kijiji cha wachimba makaa ya mawe, alifunga mabao 31 ya ligi. Mei 1, 1937, katika fainali ya Kombe la FA pale Wembley, Preston walitangulia kwa bao moja. Gurney akasawazisha, na timu yake ikashinda 3-1. Alimaliza na mabao 228, rekodi ya klabu hadi leo. Timu ya taifa alichezea mechi moja tu.

Mwaka 1936 ndipo klabu yetu ilipoanzishwa Dar es Salaam. Iliitwa Queens, kisha Eagles, kisha Sunderland. Mwaka 1971 ikawa Simba.

Tabora haikuanza jana kupokea majina ya mbali. Katika njia ya misafara ya Bagamoyo hadi Ujiji, wapagazi wa Kinyamwezi walishusha pembe za ndovu pwani, wakapandisha vitambaa bara. Kimoja kilifumwa Marekani, kikaitwa merikani. Aliyejifunga merikani Unyanyembe hakuwa na haja ya kuijua Massachusetts. Nguo ilikuwa yake. Reli ilifika hapa mwaka 1912, ikaipokea mizigo ya mabegani, na majina yakaendelea kuja.

Likizo moja nikaenda kumsahihisha mjomba. Nikamweleza habari za Gurney, mabao yote 228. Alisikiliza hadi mwisho, kisha akauliza:

"Huyo Mzungu wako, mpwa wangu, aliwafunga Yanga mangapi?"

Sikuwa na jibu. Yeye alikuwa nalo: Julai 19, 1977, Simba 6, Yanga 0, na Abdallah Kibadeni peke yake akafunga matatu. Kwa mjomba, huyo ndiye mshambuliaji wa Sanderlandi, ingawa jina lilikuwa limefutwa miaka sita kabla.

Sasa mjomba ni mzee sana, na wajukuu zake wote wanasema Simba. Siku hizi, nikimpigia simu baada ya mechi, mimi ndiye ninayeanza:

"Shikamoo, mjomba. Sanderlandi imeshinda."