Idara ya Serikali Mbele ya Mahakama ya Kazi

Wafanyakazi kadhaa wa Bodi ya Maji na Majitaka ya Bangalore, kusini mwa India, walitozwa faini kwa utovu wa nidhamu na fedha zikakatwa. Wakaenda mahakama ya kazi kuzidai. Bodi ikapinga: kuwapatia raia maji ni jukumu la dola, nayo si kiwanda, hivyo Sheria ya Migogoro ya Viwanda ya 1947 haiihusu.

Hoja hiyo ilikuwa ya zamani. Mwaka 1953, katika shauri la manispaa ya Budge Budge karibu na Calcutta, Mahakama ya Juu ilikubali kwamba ugomvi wa manispaa na watumishi wake unaingia ndani ya sheria hiyo. Mwaka 1960 ikawatetea wahudumu wa wodi wa hospitali za J.J. mjini Bombay, waliopunguzwa kazini bila fidia. Mwaka 1970 ikageuka: hospitali ya Safdarjung, Delhi, si kiwanda.

Shauri la Bangalore likaenda mbele ya majaji 7 wa Mahakama ya Juu. Tarehe 21 Februari 1978, Jaji Krishna Iyer aliandika uamuzi wa walio wengi. Aliuliza mambo matatu: je, kazi inaendeshwa kwa utaratibu? Je, mwajiri na mwajiriwa wanaifanya kwa pamoja? Je, inatoa bidhaa au huduma wanazohitaji watu? Jibu likiwa ndiyo, kazi hiyo ni kiwanda; faida haikuwa sharti. Upande wa serikali, zilizosalimika ni kazi halisi za utawala tu, kama kutunga sheria na kutoa hukumu.

Manufaa ya uamuzi huo kwa mfanyakazi yalionekana wazi. Aliyetumikia mwaka mfululizo hapunguzwi bila notisi ya mwezi mmoja au malipo yake, pamoja na fidia ya mshahara wa siku 15 kwa kila mwaka wa utumishi. Idara ya Umwagiliaji ya Punjab ikaguswa na uamuzi huo mwaka 1988. Mwaka 1995 ikawa zamu ya Idara ya Misitu, kwa mradi wake wa bustani karibu na Pune.

Bunge lilibadili tafsiri ya "kiwanda" mwaka 1982 ili kuziondoa hospitali na shule, lakini kifungu hicho hakikuanza kutumika kamwe. Sheria mpya ya kazi ya mwaka 2020 inaziweka nje kazi za utawala, zikiwemo nishati ya atomu na anga za juu, na kuiruhusu serikali kuu kuongeza nyingine kwa tangazo.

Ruhusa hiyo ni pana mno. Mwajiri, hata akiwa serikali, asiachiwe kuamua ni wafanyakazi wake wepi watakaolindwa na sheria.