Tongoni Kabla ya Mawe

Chini ya kilomita 20 kusini ya mji wa Tanga, kando ya barabara iendayo Pangani, kuna magofu yanayoangalia bahari. Ni msikiti mmoja usio na paa na makaburi zaidi ya 40, ambayo zaidi ya 20 kati yake yalijengewa nguzo ya mawe. Hakuna mahali pengine katika pwani yote ya Afrika Mashariki palipokusanya makaburi ya nguzo mengi kiasi hicho. Nguzo nyingi zimeshaanguka na vipande vyake vimelala majanini kama magogo. Ukiinama karibu na kipande kimoja utaona katika lipu kishimo cha duara, upana wake sawa na bakuli. Bakuli ndilo lililokuwamo. Mafundi walikuwa wakipachika bakuli za kauri kutoka China, na watu wa baadaye wakazibandua moja moja hadi zikaisha.

Anayefika Tongoni kwa mara ya kwanza kwa kawaida husimuliwa kisa kifupi: Washirazi kutoka Uajemi walikuja na majahazi, wakajenga msikiti, wakazikana hapo, mji ukafa. Kisa hicho kina ukweli ndani yake, lakini kinaanzia katikati. Hakisemi ni nani waliokuwa ufukweni siku chombo cha kwanza kilipotia nanga, nani aliyewauzia wageni chakula, nani aliyewaonyesha mlango wa kupita kwenye mwamba, wala ni binti za nani walioolewa. Ili kuwapata watu hao inabidi turudi nyuma sana, tena tuvuke mpaka.

Katika Kaunti ya Kilifi, nchini Kenya, kama kilomita 15 kutoka baharini, lipo pango liitwalo Panga ya Saidi. Watafiti wa Makumbusho ya Taifa ya Kenya na wenzao wa kigeni walilichimba kwa miaka mingi. Mita kama tatu chini ya sakafu ya leo walikuta shimo dogo lililochimbwa kwa makusudi, na ndani yake mifupa iliyolainika mno hata isingeweza kuguswa. Wakaizungushia plasta, wakaichukua na udongo wake mzima mzima hadi maabara. Ilikuwa mifupa ya mtoto wa miaka miwili na nusu au mitatu. Alilazwa ubavu wa kulia, magoti yamekunjwa kuelekea kifuani. Namna mifupa ya mabega ilivyobanana ilionyesha kwamba mwili ulikuwa umeviringishwa kitu kama jani pana au ngozi. Kichwa kilikuwa kimeinama kwa namna inayotokea pale mto uliowekwa chini yake unapooza na kutoweka. Mtoto huyo alizikwa miaka 78,000 iliyopita. Matokeo yalipochapishwa mwaka 2021, hapakuwa na kaburi la zamani zaidi ya hilo la binadamu wa aina yetu lililojulikana barani Afrika. Watafiti walimpa jina la Mtoto.

Jambo hilo linastahili kutafakariwa kidogo. Mwindaji anayehamahama hana sababu ya tumbo inayomlazimu achimbe shimo, amkunje mtoto, amviringishe na kumwekea mto. Alifanya hivyo kwa sababu watu wake walikuwa wamekubaliana, bila maandishi, jinsi ya kuagana na maiti. Mimi sijui alama nyingine inayoonyesha wazi zaidi kwamba utamaduni umeshaanza. Katika pango hilohilo, kwenye tabaka za baadaye, zimepatikana shanga za makombe ya bahari na za maganda ya mayai ya mbuni, pamoja na mawe yenye rangi nyekundu. Watu wale hawakuwa wavuvi hasa. Bahari iliwapa mapambo kuliko kitoweo.

Bahari yenyewe haikuwa ilipo leo. Katika enzi ya barafu maji mengi ya dunia yalikuwa yameganda huko kaskazini na kusini, na usawa wa bahari ulishuka. Unguja ilikuwa imeungana na bara. Ndiyo maana katika pango la Kuumbi, upande wa kusini mashariki wa kisiwa, imepatikana mifupa ya pundamilia. Barafu ilipoyeyuka, maji yakapanda, Unguja ikawa kisiwa, na ufuko ukaanza kuchukua sura tunayoijua.

Wakulima walikuja baadaye sana. Katika karne za mwanzo baada ya Kristo, watu waliofua chuma, waliolima na kufinyanga walikuwa wameenea kuanzia nyuma ya Mombasa hadi milima ya Usambara na Pare. Tunawafahamu zaidi kwa vyungu vyao, ambavyo Robert Soper alivichimbua Kwale katika miaka ya 1960, na vikaitwa kwa jina la mahali hapo. Hawakuacha jengo lolote. Waliacha vigae, mavi ya chuma na, bila shaka, lugha zilizozaa lugha za leo za eneo hili.

Wakati huohuo yupo mtu aliyeandika. Katika karne ya kwanza, mfanyabiashara aliyezoea njia za Bahari ya Shamu alitunga kwa Kigiriki mwongozo wa bandari, unaojulikana kama Periplus. Anakitaja kisiwa cha chini chenye miti mingi, Menuthias, ambacho wataalamu wengine wanasema ni Pemba na wengine Unguja au Mafia. Anasema wenyeji wana mitumbwi ya gogo moja na vyombo vilivyoshonwa kwa kamba, na kwamba wanakamata samaki na kasa kwa vikapu wanavyovitega kwenye midomo ya vijito badala ya nyavu. Mvuvi yeyote wa Tanga akisomewa maneno hayo atajibu kwamba hilo ni dema, au jamaa yake. Safari ya siku mbili kutoka hapo ilikuwapo Rhapta, soko la mwisho, palipouzwa pembe za ndovu, pembe za kifaru na magamba ya ng'amba. Mahali pake hasa bado wanapagombea, na Pangani ni miongoni mwa mahali palipotajwa. Mwandishi anaongeza kwamba mabaharia Waarabu kutoka Muza, huko Yemen, walikuwa wakioa huko na kuijua lugha ya wenyeji. Hayo aliyaandika kama miaka 1,300 kabla ya nguzo ya kwanza ya Tongoni.

Kati ya mwaka 600 na 1000 hivi, chungu cha aina moja kilipikiwa kuanzia Lamu hadi Msumbiji: kimechorwa chini ya mdomo mstari wa pembetatu zilizojazwa mikwaruzo. Vigae vyake havikukaa ufukweni tu. Jonathan Walz, aliyepekua bonde la chini la mto Pangani, amevikuta pamoja na shanga katika makazi ya bara, chini ya milima. Kwa hiyo pwani na bara walikuwa wakipokezana bidhaa, na pengine wachumba, kabla mtu hajachoma chokaa.

Uislamu uliingia katika jamii hiyo taratibu. Huko Shanga, katika kisiwa cha Pate, mwanaakiolojia Mark Horton alikuta msikiti wa miti na udongo wa karne ya 8, na juu yake misikiti mingine, kila mmoja umejengwa kwa vifaa bora kuliko uliotangulia, hadi wa mawe. Mji haukushushwa kutoka melini ukiwa umekamilika.

Tongoni ilikua katika karne ya 14 na ya 15, wakati ujenzi wa mawe ulikuwa umeshakomaa. Fundi alikata matumbawe mabichi kutoka baharini, yangali laini, akayachonga kuwa mihrabu na fremu za milango, kisha yakakauka na kuwa magumu. Kuta zilijengwa kwa mawe ya kawaida ya pwani. Chokaa ilipatikana kwa kupanga magogo na matumbawe juu yake na kuwasha moto. Paa lilibebwa na boriti za mikoko, na kwa kuwa boriti haizidi sana mita tatu, vyumba vya pwani vyote ni vyembamba. Ukiwa ndani ya msikiti wa Tongoni, wenye ukumbi mwembamba katikati na vyumba ubavuni, unaona kazi ya msitu wa mikoko.

Na zile nguzo? Msafiri Mwingereza Richard Burton alipita hapa mwaka 1857 na akaandika habari za kigae chenye maandishi ya Kiajemi katika kaburi moja. Kigae hicho kilitumiwa na wengi kama ushahidi kwamba waliojenga walikuwa Waajemi. Hoja dhaifu. Bakuli ni za China, na hakuna aliyesema Tongoni ilijengwa na Wachina. Kaburi lenye nguzo halipatikani Uajemi wala Uarabuni; linapatikana kwenye pwani hii, Kaole, Kunduchi, Ras Mkumbuu, Gede, Malindi. Bara kidogo, Wagiriama humsimamishia mzee wa chama cha Gohu kigango, mti uliochongwa, kwa ajili ya kumbukumbu yake. Sisemi nguzo imetokana na kigango. Nasema wazo la kumsimamishia marehemu kitu kilichonyooka si geni kwa watu wa hapa.

Sasa tuwape Washirazi haki yao. Mwaka 2023 ulichapishwa uchunguzi wa vinasaba vya watu 80, wengi wao waliozikwa katika miji ya pwani ya Kenya na Tanzania kati ya 1250 na 1800. Nasaba ya mama karibu yote ni ya Kiafrika. Upande wa baba, wengi wana asili ya Asia, hasa Uajemi, na kuchanganyika huko kulianza karibu na mwaka 1000. Mifupa ya Tongoni haikuwamo, lakini wazee waliosimulia Shirazi hawakuwa wakibuni. Walimtaja babu na kumsahau bibi.

Mapema Aprili 1498 meli ya Wareno, São Rafael, iliyoongozwa na Paulo da Gama, nduguye Vasco, ilikwama kwenye mafungu mbele ya Mtangata, ndilo jina la zamani la hapa. Watu wakaenda kwa mitumbwi na kuwapelekea machungwa, ambayo Wareno waliyasifu kuwa bora kuliko ya kwao. Mchungwa asili yake ni Asia. Mtu wa Mtangata alikuwa ameupanda na kuutunza hadi ukazaa. Januari 1499 Wareno walirudi wakiwa wamepungua kwa kiseyeye, mabaharia hawatoshi vyombo vitatu, wakaichoma São Rafael papo hapo. Wakakaa siku 15, wakinunua kuku kwa mashati na bangili.

Baada ya hapo mji ulififia. Bahari inaendelea kuula ufuko, na Idara ya Mambo ya Kale haiwezi kumweka mlinzi juu ya kila jiwe. Bakuli zimekwisha, vilivyobaki ni vigae vya udongo, ambavyo havina bei sokoni. Ukienda Tongoni na kukiona kimoja chenye mikwaruzo ya pembetatu, kitazame, kipige picha, kisha ukiache pale pale kilipolala. Mchimbaji hukisia umri wake kwa tabaka kilimokutwa, na kikishaingia mfukoni mwako hakimwambii mtu chochote.